Somo la 38: Meli ya sauti

Tuseme kuna nchi isiyo ya kweli, nchi ya hadithi tu. Huko pana bahari ambayo hakuna mtu aliyefika mwisho wake. Wenyeji wamejenga meli kubwa ya kwenda kuivumbua. Meli hiyo haina tanga, haina makasia, haina mashini. Ndani yake mna ngoma, kengele na pembe. Mabaharia wanapiga na kuimba, na sauti ile inaisukuma meli. Wakinyamaza, meli inasimama.

Hadithi hiyo yapendeza. Je, jambo kama hilo laweza kuwa kweli?

Fanyeni jaribio. Twaeni ngoma mbili. Juu ya ngozi ya moja mwageni punje chache za mchanga mkavu. Leteni ya pili karibu, lakini isiguse ya kwanza, mkaipige kwa nguvu. Punje zitarukaruka, wala hakuna mkono uliozigusa. Sauti ni mtikisiko: ngoma inatikisa hewa, na hewa inatikisa ngozi ya ngoma nyingine. Basi sauti ina nguvu.

Lakini nguvu yake ni ndogo mno. Watu elfu moja wakipiga kelele pamoja, nguvu ya sauti yao yote ingetosha kwa shida kuwasha taa moja ya tochi. Haiwezi kusukuma meli ya chuma; hata mtumbwi haiuwezi. Mtasema: "Mbona wapiga kasia wanaimba, na mtumbwi unakwenda mbio?" Ndiyo, lakini inayousukuma mtumbwi ni mikono. Wimbo unaifanya mikono yote ivute kwa wakati mmoja, na hilo si jambo dogo. Wapeni watu kumi makasia, muwakataze kuimba na kuhesabu: mtaona maji yanavyoruka huku mtumbwi ukiyumba.

Kumbe sauti haiwezi kuwa mashini ya meli. Inaweza kuwa macho yake.

Zamani baharia alipimaje kilindi cha bahari? Alishusha bildi, yaani kipande kizito cha risasi kilichofungwa kwenye kamba. Bildi ilipofika chini, alipima urefu wa kamba. Karibu na pwani kazi ilikuwa nyepesi. Katikati ya bahari ilikuwa taabu tupu. Meli ya Uingereza iliyoitwa Challenger ilizunguka dunia toka mwaka 1872 hata 1876 ili kuchunguza bahari. Mahali penye kilindi kirefu ilibidi isimame saa nyingi, kamba ikishuka na kupanda. Katika safari hiyo yote walipata vipimo 492 tu vya vilindi. Ni kama mtu anayetaka kujua milima ya nchi nzima usiku wa giza, naye anagusa ardhi hapa, kisha pale, mbali kabisa.

Njia nyingine ilikuwapo, lakini hakuna aliyejua bado kuitumia. Mwaka 1826, katika ziwa la Geneva huko Ulaya, Colladon na Sturm walikuwa wamepima mwendo wa sauti majini. Usiku, katika mtumbwi mmoja, waligonga kengele iliyozama ndani ya maji, na papo hapo wakawasha baruti. Mwenzao alikuwa katika mtumbwi wa pili, zaidi ya kilometri 13 mbali, ametia ndani ya maji pembe ndefu ya kusikilizia. Aliona mwanga wa baruti, akahesabu sekunde mpaka kengele ikamfikia: sekunde 9 na kidogo! Sauti hukimbia hewani metri 340 hivi kwa sekunde moja. Katika maji ya bahari hukimbia metri 1,500 hivi.

Usiku wa tarehe 14 Aprili 1912 meli Titanic iligonga mlima wa barafu, ikazama. Watu 1,500 hivi walikufa. Ndipo mafundi walipohimizwa kutafuta namna ya kutambua hatari iliyo mbele katika giza. Mwaka 1914 Fessenden, mtu wa Kanada, alituma sauti ndani ya maji, nayo ikagonga mlima wa barafu uliokuwa mbali karibu kilometri 3, ikarudi. Mwangwi mwingine ulirudi kutoka chini ya bahari. Ni mwangwi uleule unaojibu mtoto akiita mbele ya jabali.

Sasa kazi ikawa ya hesabu. Meli inapiga sauti, inangoja, inasikia mwangwi. Kama umerudi baada ya sekunde 4, sauti imekwenda metri 6,000. Lakini ilishuka na kupanda, basi gawanyeni kwa mbili: kilindi ni metri 3,000. Meli haisimami hata kidogo. Meli ya Ujerumani iliyoitwa Meteor ilipita na kurudi katika bahari ya Atlantiki toka 1925 hata 1927, ikapima mara zaidi ya 67,000. Hapo waliona wazi safu ndefu ya milima mikali chini ya maji, katikati ya bahari ile.

Hata leo kazi haijakwisha. Mwezi wa Januari 2005 meli ya vita ya Marekani, San Francisco, ile ya aina iendayo chini ya maji, iligonga mlima kusini ya kisiwa cha Guam. Ramani waliyotumia haikuuonyesha mlima huo. Baharia mmoja alikufa na wengi walijeruhiwa. Mpaka sasa meli zimepima kwa sauti zaidi kidogo ya robo ya sakafu ya bahari zote.

Maswali

1. Kwa nini punje za mchanga ziliruka?
2. Wimbo unawasaidiaje wapiga kasia?
3. Kilindi kirefu kabisa cha ziwa Tanganyika ni metri 1,470. Sauti ikitumwa chini kutoka mtumbwini hapo, mwangwi utarudi baada ya sekunde ngapi? (Msisahau kwenda na kurudi.)
4. Simameni mbele ya jabali, muite. Hesabuni sekunde. Jabali liko mbali metri ngapi?