Jina Moja, Watu Wawili: Jinsi Kompyuta Inavyotunza Habari



Jina langu la ukoo ni Musyoka. Cheti cha kuzaliwa kinasema hivyo. Katika orodha nyingine karani aliandika Musioka. Ukilitamka ni lile lile, lakini kompyuta haina masikio. Kwake hao ni watu wawili. Mama alienda Wote na kurudi Matiliku mara tatu kabla ya kosa hilo kurekebishwa. Ndipo nikajiuliza: kwani habari hukaa vipi humo ndani?

Habari zilizopangwa ili zipatikane upesi huitwa hifadhidata. Aina ya zamani ni ya ngazi, mithili ya mti: shule, chini yake vidato, kisha mikondo, kisha majina. Kampuni ya IBM ilitengeneza mfumo wa namna hii, IMS, miaka ya 1960 ili kuorodhesha vipuri vya roketi ya safari za Apollo za kwenda mwezini. Ukifuata matawi, unafika haraka. Lakini ukiuliza, "Ni nani wanaotoka Emali?" itabidi upekue mti mzima!

Mwaka wa 1970 Edgar Codd, Mwingereza aliyefanya kazi IBM, alipendekeza majedwali. Hapa ndipo penye utamu. Jedwali la kwanza lina nambari ya mwanafunzi, jina na kijiji. La pili, la karo, lina nambari, tarehe na kiasi. Jina halirudiwi huko. Nambari ndiyo ufunguo unaounganisha majedwali. Kwa hivyo karani akikosea herufi, anasahihisha mahali pamoja tu, basi. Mfumo wa NEMIS, ulioanzishwa na Wizara ya Elimu mwaka wa 2017, ulimpa kila mwanafunzi nambari yake, UPI, kwa sababu hiyo hiyo. Akina Mutua wako wangapi hapa kwetu?

Majedwali yana faida nyingine. M-Pesa ilianza Machi 2007. Mama akiuza ndengu na kumtumia nyanya shilingi 500, kuna hatua mbili: kumpunguzia mama na kumwongezea nyanya. Hifadhidata nzuri hukubali zote mbili au hufuta zote. Hata stima ikipotea katikati, pesa haziwezi kutoka huku zisifike kule.

Siku hizi kuna pia hifadhidata za nyaraka, kama MongoDB iliyotolewa mwaka wa 2009. Kila mtu ana faili yake yenye kila kitu. Mmoja ana picha, mwingine hana, na hakuna neno. Zinafaa kwa habari zisizofanana. Ila jina likiandikwa katika faili nyingi, shida yangu yaweza kurudi.

Juzi nilifungua madaftari ya chama chetu. La wanachama lina nambari. La michango lina majina matupu, na langu limeandikwa Musioka.