Dondoo muhimu: Usifute DLL ovyo

Baadhi ya programu za kuchuja tovuti kwenye Windows hutegemea mafaili madogo ya DLL yanayokaa kati ya kivinjari na mtandao, na ukiyagusa vibaya intaneti hukatika.

• Usifute DLL kwa mkono. Programu za zamani zilijichomeka ndani ya Winsock, sehemu ya Windows inayoshughulikia mtandao, zikiunganishwa kama mnyororo. Faili moja likitoka, mnyororo wote hukatika. Ondoa programu nzima kwa njia ya kawaida.

• Intaneti ikishapotea, fungua Command Prompt kama msimamizi, andika netsh winsock reset, kisha washa kompyuta upya.

• Kagua saini ya kidijitali kwenye sifa za faili ili kujua limetoka kwa nani.

• Usipakue DLL “iliyopotea” kwenye tovuti usiyoijua. Hapo ndipo wengi hujiletea virusi! Sakinisha programu upya kutoka kwa mtengenezaji.

• Chunguza vyeti vya usalama ambavyo programu hizi huweka kwenye Windows. Mwaka 2015 baadhi ya kompyuta za Lenovo zilikutwa na Superfish, programu ya matangazo iliyotumia maktaba ya kampuni ya Komodia kunasa mawasiliano ya tovuti. Ufunguo wa siri wa cheti chake ulikuwa mmoja kwenye mashine hizo zote, hivyo mdukuzi angeweza kughushi hata tovuti ya benki. Maktaba hiyo ilikuwamo pia katika baadhi ya programu za kulinda watoto. Kuondoa Superfish peke yake hakukutosha: cheti chake kilibaki, kikahitaji kufutwa kando.