Samaki Waliovaa Deraya

Yapata miaka milioni 385 iliyopita, katika ziwa kubwa lililokuwa mahali palipo Scotland leo, waliishi samaki waliovaa deraya ya mfupa. Mmoja wao ni Pterichthyodes. Kichwa na kiwiliwili chake vilifunikwa kwa vibao vya mfupa vilivyoungana kama gamba la kobe, na mapezi yake mawili ya mbele yalivikwa mfupa, mfano wa miguu ya kaa. Mkiani tu ndiko kulikokuwa na magamba madogo. Samaki alipokufa alizama, tope likamfunika, na tope hilo likageuka jiwe.

Miongoni mwa wa kwanza kumfichua alikuwa Hugh Miller wa Cromarty, aliyezaliwa mwaka 1802. Alikuwa mwashi asiyesoma chuo kikuu, lakini hakulipasua jiwe bila ya kulitazama ndani. Umbo lile lilimstaajabisha: je, ni kobe, kaa, au samaki? Louis Agassiz, mtaalamu wa Uswisi, alikata shauri kuwa ni samaki, akampa jina la kumheshimu Miller.

Samaki wote wa jamii hiyo yenye deraya walikwisha yapata miaka milioni 359 iliyopita. Lakini katika ziwa lile lile aliishi pia jamaa wa kamongo, asiyekuwa na deraya ya namna hiyo, ila ukoo wake uliweza kuvuta hewa. Nao kamongo wangali wanavuliwa katika Ziwa Victoria. Basi, msomaji, ngao nene siyo kinga ya kila shari.