Ashiki na Msalaba: Taswira ya Mateso katika Rosa Mistika

Katika karakana ya Kitengela Glass, Kajiado, iliyoasisiwa na Nani Croze, kioo hukatwa vipande kabla ya kuunganishwa kuwa dirisha la rangi. Tunaanza na kioo kwa kuwa wengi wetu tulikutana na mwili ulioteswa kanisani kabla ya kukutana nao katika fasihi: mwili nusu uchi, wenye majeraha, unaotazamwa kwa mapenzi. Sanaa ya ashiki imeukopa mwili huo mara nyingi. Sanamu ya Mtakatifu Teresa iliyochongwa na Bernini (1647–1652), iliyoko Roma, humwonyesha mtawa aliyelegea mbele ya malaika mwenye mshale, na watazamaji wangali wanabishana kama ile ni sala au ni raha ya mwili.

Kiswahili nacho kina mfano wake. Euphrase Kezilahabi aliitoa Rosa Mistika mwaka 1971, na anwani yake ni jina la Bikira Maria katika litania. Riwaya ilipigwa marufuku katika shule za Tanzania kwa kusimulia ngono waziwazi. Waliohesabu vitanda (na walihesabu kwa bidii!) walipitwa na jambo zito zaidi. Mateso ya Rosa hayaanzi kwa mpenzi, bali kwa baba: Zakaria anampiga kwa sababu ya barua ya mvulana. Hapa ndipo Rosa anapoachana na Teresa. Teresa alisimulia maumivu yake mwenyewe kama utamu aliotamani usikome. Rosa hakuyachagua yake. Jina la Maria linamtaka awe bila doa, kisha Charles anamkataa kwa kukosa ubikira, naye anajiua. Taswira takatifu, basi, haiitakasi ngono wala haiikufuru dini. Inawashtaki walinzi wa usafi. Ndiyo maana mwishoni baba na binti wanasimama mbele ya Mungu wakilaumiana.

Mwalimu anayeifundisha riwaya hii Kajiado hawezi kulikwepa swali hilo. Sheria ya Kenya ya 2011 iliharamisha ukeketaji, ila desturi haijakoma, na wapo wanafunzi wanaoyajua maumivu yanayodaiwa kumtakasa msichana. Kwao, uchambuzi wa ishara pekee hautoshi. Na wachunguze, ukurasa kwa ukurasa, ni nani anayedaiwa ubikira na ni nani asiyedaiwa.