Kutafuta Bei Mbili Zisizojulikana

Juma alitumwa dukani kununua madaftari 3 na kalamu 2. Alilipa Sh. 3,000. Siku hiyo hiyo Asha, mtoto wa jirani, alinunua madaftari 2 na kalamu 2 za aina ile ile katika duka lile lile. Yeye alilipa Sh. 2,200. Muuzaji aliwatajia jumla tu. Hakutaja bei ya kila kitu.

Kaka yake Juma alipiga hesabu, akasema, "Asha amenunua vitu 4 kwa Sh. 2,200. Basi kila kitu ni Sh. 550. Wewe umenunua vitu 5, nawe ungelipa Sh. 2,750. Sh. 250 ziko wapi?"

Juma alijibu, "Kaka, sikuchukua hata senti moja."

Je, wewe ungeamuaje? Usimhukumu mtu kabla ya kuchunguza. Kaka alikosea kwa sababu aligawanya kana kwamba daftari na kalamu ni za bei moja.

Kulinganisha

Mwanasayansi anapofanya jaribio hubadilisha kitu kimoja tu, na vingine huviacha kama vilivyo. Hapo hutambua ni kitu gani kilicholeta mabadiliko. Tazama vitu walivyonunua Juma na Asha. Kalamu ni sawa: kila mmoja alinunua 2. Kilichozidi kwa Juma ni daftari 1 tu. Kwa hiyo tofauti ya fedha walizolipa ni bei ya daftari hilo.

Bei ya daftari tuiite d, na bei ya kalamu tuiite k. Tunapata milinganyo miwili:

Juma: 3d + 2k = 3,000
Asha: 2d + 2k = 2,200
Tukitoa: d = 800

Daftari ni Sh. 800. Madaftari 2 ya Asha ni Sh. 1,600. Zinabaki Sh. 600 kwa kalamu 2. Basi kalamu moja ni Sh. 300.

Kuhakikisha

Je, tumekwisha kuthibitisha kwamba Juma ni mwaminifu? Bado. Kama Juma angesema kuwa alilipa Sh. 3,100, milinganyo ingetupa bei nyingine: daftari Sh. 900 na kalamu Sh. 200. Inatupasa tupate ushahidi wa tatu.

Neema naye alinunua daftari 1 na kalamu 3 katika duka hilo. Kabla ya kumwuliza, tukadirie: 800 + (3 × 300) = 1,700. Kaka alipomwuliza, Neema alijibu kuwa alilipa Sh. 1,700. Jibu letu lilikubaliana na ushahidi. Kaka alimwomba Juma radhi.

Vitu visipolingana

Mara nyingine hakuna vitu vilivyo sawa pande zote mbili. Mama alinunua mchele kilo 2 na sukari kilo 1 kwa Sh. 7,800. Shangazi alinunua mchele kilo 3 na sukari kilo 2 kwa Sh. 13,200. Tufanyeje?

Tusawazishe sukari. Kama mama angenunua mara mbili ya vitu vyake, angelipa mara mbili ya fedha zake. Bei ya kilo ya mchele ni m, na ya sukari ni s:

Mama, mara mbili: 4m + 2s = 15,600
Shangazi: 3m + 2s = 13,200
Tukitoa: m = 2,400

Mchele ni Sh. 2,400 kwa kilo. Kutokana na hesabu ya mama, sukari ni 7,800 − 4,800, yaani Sh. 3,000. Hakikisha kwa hesabu ya shangazi: 7,200 + 6,000 = 13,200. Ni sahihi.

Njia hii ni ya kale. Kitabu cha Wachina kiitwacho Jiuzhang Suanshu, kilichokusanywa yapata miaka 2,000 iliyopita, kina swali la kutafuta bei ya ng'ombe na ya kondoo kwa njia ya namna hii.

Kumbuka

1. Bei mbili zisizojulikana zahitaji habari mbili zilizo tofauti.
2. Sawazisha kitu kimoja, kisha toa.
3. Hakikisha jibu lako.

Zoezi

1. Mayai 5 na mikate 2 ni Sh. 5,000. Mayai 5 na mkate 1 ni Sh. 3,500. Tafuta bei ya mkate mmoja na ya yai moja.

2. Maembe 3 na chungwa 1 ni Sh. 1,700. Maembe 4 na machungwa 2 ni Sh. 2,400. Tafuta bei ya kila tunda.

3. Maharage kilo 1 na unga kilo 2 ni Sh. 6,200. Maharage kilo 2 na unga kilo 4 ni Sh. 12,400. Jaribu kutafuta bei ya kila kimoja. Unaona nini? Je, habari ya pili imekueleza jambo lolote jipya?

4. Tunga swali lako mwenyewe kwa kutumia bei za vitu vinavyouzwa karibu na nyumbani kwenu. Mpe mwenzako alijibu, kisha mhakikishe jibu pamoja.