Mchungaji Aliyepoteza Kwao

Mtoto wa Bulyanhulu achungaye ng'ombe, akirudi jioni huwakuta wazazi wake nyumbani. Garang alirudi, akakuta kijiji kimeharibiwa, wala watu hawapo.

Garang ni mvulana wa miaka minane katika kitabu cha picha kiitwacho Brothers in Hope. Mary Williams alikiandika, R. Gregory Christie akachora picha zake, nacho kilitolewa mwaka 2005. Hadithi hiyo imetungwa kwa mambo yaliyotukia kweli. Vita vya Sudani vilivyoanza mwaka 1983 viliwafanya maelfu ya wavulana kuwa wakimbizi. Wengi walipona kwa sababu walikuwa malishoni. Walikwenda kwa miguu mpaka Ethiopia, kisha Kenya, na mwaka 1992 wakapata kambi Kakuma.

Njiani hapakuwa na wazazi. Basi mkubwa alimtwaa mdogo awe ndugu yake. Garang akamtunza Chuti, mwenye miaka mitano.

Mkimbizi akija darasani kwako, usianze kumwuliza amepoteza nini. Mwonyeshe mahali pa maji, kisha umpe nafasi aketi karibu nawe.

Maswali:
1. Kwa nini wachungaji wengi walipona?
2. Kama ungalikuwa Garang, ungalimfanyia Chuti nini?