Swali na jibu katika fremu: mazungumzo ya mwanzo ya intaneti
Mwaka 1996, Olia Lialina, mhakiki wa filamu wa Moscow, alitunga kazi ya intaneti iitwayo My Boyfriend Came Back from the War. Inafanana na filamu fupi ya picha nyeusi na nyeupe: mwanamke anazungumza na mpenzi wake aliyerudi kutoka vitani. Tukibonyeza neno au picha, ukurasa hugawanyika katika fremu ndogo zaidi, nyingi zikiishia kuwa nyeusi tupu.

Katika mazungumzo ya kawaida, swali huita jibu lake. Hapa msemaji hatajwi, na msomaji ndiye anayepanga zamu. Basi tunaponakili jumbe za simu kwa utafiti, tusihifadhi maneno peke yake. Tuonyeshe pia nani alimjibu nani, na wapi palibaki kimya.